Fomu ya Kazi Yaniuliza Kabila, Nami Ninayo Mawili

Bi Mshauri, shikamoo.

Mimi ni msichana wa miaka 29, mkazi wa Msambweni, Kaunti ya Kwale. Nina stashahada ya afya ya jamii. Tangu nimalize chuo sijapata kazi ya kudumu, ni vibarua tu: miezi mitatu na mradi huu, miezi miwili na ule, halafu narudi nyumbani kumsaidia mama kukuna nazi. Mwezi huu kaunti imetangaza nafasi za wasaidizi wa afya ya jamii. Nilichapisha fomu pale saiba, shilingi kumi kila ukurasa, nikaijaza yote mpaka nikafika kwenye kisanduku cha kabila. Hapo nimekwama, hii ni wiki ya pili. Nilianza kwa penseli. Nimeandika nikafuta, nimeandika nikafuta, mpaka karatasi imekonda na pale mahali sasa panaonyesha meza kwa chini.

Baba yangu ni Mdigo. Mama ni Mmakonde. Babu yake mama alitoka Msumbiji enzi za Mwingereza akaja kukata mkonge, na hakurudi. Baba na mama waliachana nikiwa na miaka minne, nikalelewa na mama pamoja na bibi. Bibi alikuwa na chale usoni, zile za kikwao, na watoto wa shule walikuwa wakimkimbia. Mimi mwenyewe nimeitwa Mmakonde kabla sijajua maana yake, nikaambiwa nirudi kwetu Msumbiji, nchi ambayo mpaka leo sijaikanyaga. Lakini Kimakonde nakisikia tu, kukisema nababaisha. Kwetu tulizungumza Kidigo na Kiswahili.

Baba hakuwa mtu wa kukaa, lakini kuna mambo mawili alinifanyia. Alinikatia cheti cha kuzaliwa, na nilipotimiza miaka 18 alinipeleka mwenyewe kwa chifu. Wazee wakauliza, “Huyu ni wa nani?” Akasema, “Wangu.” Basi, yakaisha. Kwenye fomu ya kitambulisho wakaandika Mdigo, na baada ya miezi miwili nilikuwa nacho mkononi.

Mama hakuwa nacho, maana Wamakonde walikuwa bado hawajatambuliwa kuwa raia wa Kenya. Mjomba hakuwa nacho. Na binti yake mjomba, nimwite Rehema, hakuwa nacho vilevile. Rehema ananizidi miaka miwili, na kidato cha nne alipata alama zilizoniacha mbali. Lakini bila kitambulisho hakupata chuo, hakupata mkopo wa elimu ya juu wa HELB, hata laini ya simu alisajiliwa kwa jina la jirani. Alikaa hivyo miaka sita. Oktoba 2016 Wamakonde walipofunga safari ya miguu kwenda Nairobi kumwona Rais, walikuwemo mjomba, mama na Rehema. Mama alirudi na malengelenge yaliyopasuka, nyayo zimekuwa nyekundu. Mimi siku hizo nilikuwa chuoni Mombasa, nikawaangalia kwenye runinga ya kantini na soda mkononi. Mwaka uliofuata ndipo walipopewa vitambulisho, na Rehema akaanza chuo akiwa mtu mzima. Stashahada yake ni sawa na yangu. Kwa sasa anauza mahamri na mbaazi pale njia panda.

Mjomba anasema niandike Mmakonde. Hoja yake ni kwamba hapa Kwale Wadigo wamejaa, na sheria inataka asilimia 30 ya nafasi ziende kwa wasio wa kabila kubwa. Yeye ni mmoja wa wazee wa jamii, kwa hiyo ameshaniandikia barua ya kuniunga mkono, na mhuri ameshapiga. Ndani ya barua ameandika kwamba “wazazi wake wote wawili ni Wamakonde.” Nilipomwuliza akacheka: “Hiyo ni ya kupambia tu.”

Habari zikamfikia baba mdogo. Akanipigia simu: “Kumbe sisi tulikuwa wa kupatia kitambulisho. Umeshakipata, sasa unatutupa?”

Na Rehema anaomba kazi hiyohiyo. Nilipomweleza alisema neno moja tu, “Andika unavyojiona,” na tangu siku hiyo hapiti kwetu. Nikiipata mimi kwa jina la Wamakonde, akaikosa yeye aliyekaa miaka sita bila karatasi, nitamtazamaje? Kuna usiku nawaza nisiombe kabisa.

Mama hajasema kitu. Juzi usiku alikitoa kitambulisho chake kwenye kopo la kakao anamokiweka, akakilaza mezani kando ya fomu, akaenda zake kulala.

Zimebaki siku kumi na mbili. Kwenye hiyo fomu mimi ni nani?

Mwenye Penseli, Msambweni

*

Marahaba, mwanangu.

Barua yako nimeisoma mara tatu, na mara ya tatu ndipo nilipoona kwamba maswali yako ni mawili yaliyojifunga kanga moja. La kwanza ni la karatasi: kisanduku kijazwe nini? La pili ni la Rehema. Unaona kama ukilijibu la kwanza kwa njia moja utakuwa umemwibia binamu yako, na kwa njia nyingine utakuwa umemlipa. Mimi naomba tuifungue hiyo kanga kwanza.

Mjomba wako hakukosea kuhusu sheria. Kifungu cha 65 cha Sheria ya Serikali za Kaunti ya mwaka 2012 kinaitaka bodi inayoajiri izingatie kwamba angalau asilimia 30 ya nafasi za kuingilia kazini zijazwe na watu wasiotoka katika kabila kubwa la kaunti. Lakini hebu kisome tena taratibu. Hakisemi Wamakonde. Kinasema wasio wa kabila kubwa, na humo yumo Mkamba wa Shimba Hills, yumo Mluo aliyezaliwa Ukunda, yumo Mpemba, ambaye jamii yake ilitambuliwa kuwa kabila la Kenya mwaka 2023. Hata hilo “kabila kubwa” lina utata wake, maana wengine watawahesabu Wadigo na Waduruma mbalimbali, na wengine watawaweka kapu moja la Mijikenda. Kwa hiyo ile picha uliyoichora kichwani, ya kiti kimoja kilichoandikwa “Mmakonde” nanyi wawili mmesimama mbele yake, haimo katika kifungu hicho. Mnaweza kupata nyote. Mnaweza kukosa nyote.

Hata hivyo nisikupe faraja ya bure. Bodi ni watu, na mtu anaweza kuyaona majina mawili ya jamii ndogo akasema moyoni, huyu mmoja atosha. Hilo sheria hailiandiki, lakini mimi na wewe tunaishi hapahapa. Hofu yako ina mguu wa kusimamia, ila ni mmoja.

Sasa nikuulize. Umeandika kana kwamba kwa asili wewe ni Mdigo, na Umakonde ni kitu unachoomba kuazimwa. Nani amekwambia? Wamakonde tangu jadi huhesabu ukoo kwa mama. Na Wadigo nao, kabla Uislamu na serikali havijaugeuza utaratibu, walikuwa wakirithi kwa mjomba. Ukiwafuata wazee wa kale wa pande zako zote mbili, wote wangekupeleka upande wa mama. Sikuambii hivyo ili uchukue kalamu ya wino sasa hivi. Mila zile zilitungwa kwa ajili ya mashamba, mahari na mazishi, hazikuijua fomu ya kaunti. Nataka tu uone kwamba ile “mtoto ni wa baba” unayoichukua kama jua linavyochomoza, nayo iliwekwa na watu.

Kuna nchi ambayo jambo lako limefika mpaka mahakama ya juu kabisa. India hutoa vyeti rasmi vya tabaka na kabila, kwa sababu katika ajira za serikali kuu zao asilimia 15 ya nafasi zimetengewa matabaka yaliyobaguliwa tangu zamani, asilimia 7.5 makabila yaliyosajiliwa, na asilimia 27 makundi mengine yaliyoachwa nyuma. Palipo na nafasi za kutengwa, watoto wa ndoa za mchanganyiko huulizwa, wewe ni wa wapi? Mwaka 2012 ilikuwepo kesi ya mtu wa Gujarat ambaye mama yake alikuwa wa kabila lililosajiliwa, baba wa tabaka la juu. Alikuwa amepewa duka la mgao, yaani la kuuza chakula cha serikali cha bei nafuu, kwa cheti cha upande wa mama, cheti kikafutwa kwa hoja kwamba mtoto hufuata baba. Mahakama ya Juu ya nchi ile ikasema hapana, dhana kwamba mtoto ni wa baba ipo, lakini inaweza kupinduliwa kwa ushahidi. Ikataka yaangaliwe maisha yake. Je, alilelewa na mama katika jamii ya mama? Watu wa ndani na wa nje walimchukulia kuwa wa jamii hiyo? Alionja dharau na mikwamo waliyoonja wao, au jina la baba lilimpa mwanzo mzuri kuliko wenzake?

Sheria za India hazikufungi wewe, na mimi si hakimu. Lakini yale maswali ni mazuri kwa mtu anayekaa na penseli usiku. Kulelewa, umelelewa kwa bibi mwenye chale. Kuitwa, uliitwa. Kuambiwa urudi Msumbiji, uliambiwa. Swali la mwisho ndilo linaloitoboa karatasi yako, sivyo? Neno moja la baba yako mbele ya wazee, “wangu,” lilikuokolea miaka sita ambayo Rehema hakuokolewa. Hilo ni kweli na usilifiche, hata kwako mwenyewe. Ila liweke karibu na jingine. Nani alikulipia karo wakati huo? Mama asiye na kitambulisho, asiyeweza kufungua akaunti benki wala kusajili laini kwa jina lake. Mtoto ulikuwa na karatasi, lakini mikono iliyokulisha haikuwa nayo. Kwenye kantini ile ulikuwa na soda, ndiyo. Soda ilitoka kwenye nazi za nani?

Tuangalie njia zilizopo, kila moja na miiba yake.

Ukiandika Mdigo, fomu itakubaliana na kumbukumbu za kitambulisho chako. Kadi yenyewe haionyeshi kabila, lakini fomu uliyojaza kuiomba iliuliza, na jibu liko kwenye faili. Baba mdogo atatulia. Utaingia kwenye kundi lenye watu wengi zaidi, na huenda ukachaguliwa kwa sifa zako bila mtu kukunong'ona. Mwiba wake uko nyumbani. Ukishaandika, utakula chakula cha jioni na mama aliyetembea mpaka nyayo zikapasuka ili neno Mmakonde likubalike katika nchi hii. Labda hatajali hata kidogo. Wewe ndiye unayemjua.

Ukiandika Mmakonde, utakuwa umeandika jambo ambalo nusu ya damu yako na karibu utoto wako wote vinalishuhudia. Lakini kumbuka ile faili. Mtu akizilinganisha karatasi mbili, zitapingana, na wewe utatakiwa ueleze. Jipime hivi: maneno utakayoiambia bodi, unaweza kumwambia baba mdogo hayohayo kwa sauti hiyohiyo? Na wakikusemesha Kimakonde kwenye usaili ukababaisha, utajibu nini? Kutojua lugha hakumtoi mtu kwao. Wapo Wadigo wa Nairobi wasiojua kusalimia kwa Kidigo. Lakini ni afadhali jibu hilo uwe umelifikiria kabla, lisikufike ukiwa umekaa kwenye kile kiti.

Ipo ya tatu: kuandika yote mawili, Mmakonde kwa mama na Mdigo kwa baba. Ni ya kweli kuliko zote. Ubaya wake ni kwamba visanduku havipendi ukweli mrefu, na karani anayeziingiza fomu kwenye kompyuta anaweza kukuchagulia moja bila kukuuliza. Kabla ya kukata shauri, panda matatu uende ofisi ya bodi, uliza kwa adabu: mtu wa wazazi wa makabila mawili huandika nini hapa? Si aibu, na hutakuwa wa kwanza. Wakikujibu, omba jina la aliyekujibu uliandike pamoja na tarehe.

Halafu hiyo ya kutoomba kabisa. Naielewa inatoka wapi, ni moyo mzuri. Lakini mwanangu, Rehema alikuomba? Zawadi ambayo mtu hakuiomba, na huenda asijue kwamba amepewa, hugeuka deni baya sana. Miaka mitano ijayo yeye hajaajiriwa, au ameajiriwa na hakutazami, nawe unauza maandazi ukimhesabia. Ukiamua usiombe, basi iwe kwa sababu yako mwenyewe.

Kuhusu barua ya mjomba sitazungukazunguka. Kabila lako ni jambo la kujadili, lakini mstari ule si wa kujadili. Baba yako si Mmakonde. India tena, mwaka 2017, mahakama hiyohiyo ilikataa kuwaachia kazi watu waliozipata kwa vyeti vya tabaka vilivyothibitika si vya kweli, hata kama wameshatumikia miaka mingi. Kwetu hapa faili za watumishi hukaguliwa, na karatasi isiyo ya kweli haiozi. Tena mbali na wewe, fikiria mhuri wenyewe. Mhuri wa mjomba ndio unaotumika kuwashuhudia vijana ambao wazazi wao wote wawili kweli ni Wamakonde. Siku barua moja ikionekana ina mstari wa uongo, atakayeulizwa maswali ni kijana anayefuata. Anaweza kuwa Rehema.

Mjomba usimwambie “umedanganya.” Mzee aliyetembea kwenda Nairobi hasemeshwi hivyo, na naamini aliandika kwa mapenzi. Amezoea nchi ambayo ukweli wake haukumtosha, kwa hiyo anauongezea chumvi. Mwambie: “Mjomba, nakushukuru, ila baba yupo hai na Msambweni nzima yamjua. Niandikie upya, useme mama yangu ni dada yako na umeniona nikikua mikononi mwenu.” Barua ya namna hiyo ina nguvu kuliko ile, maana hakuna wa kuipinga.

Baba mdogo naye, mpe haki yake. Maneno aliyokwambia ni makali, lakini chini yake kuna mtu anayeogopa kwamba ndugu yake alifanya jambo jema moja na linafutwa. Hujamwambia hata siku moja kwamba unalikumbuka lile neno “wangu.” Lolote utakaloandika kwenye fomu, hilo unaweza kumwambia leo.

Nirudi kwa Rehema. “Andika unavyojiona.” Wewe umelisikia kama lawama. Huenda ni lawama. Huenda pia ni mwanamke aliyechoka, mwenye sufuria ya mbaazi jikoni tangu saa kumi alfajiri, asiye na nafasi ya kukusaidia kubeba kitu ambacho hakukubebesha yeye. Na hapiti kwenu kwa sababu amekasirika, au kwa sababu naye anajaza fomu? Sijui, na wewe hujui. Nenda alfajiri, wakati mafuta yanachemka na wateja hawajafika, ushike mwiko. Usimwombe ruhusa, maana ukimwomba utakuwa umempa kazi ya kuamua kwa niaba yako, na akikukatalia utamchukia. Mwambie tu unachokiogopa, kama ulivyonieleza mimi, pamoja na ile soda ya kantini. Hiyo nadhani hujawahi kumwambia.

Na mama. Umeniandikia kwamba hajasema kitu, mstari unaofuata ukaniambia alikitoa kitambulisho kwenye kopo akakiweka kando ya fomu yako. Wewe ulikiona ukadhani anakwambia, andika Mmakonde. Huenda. Lakini pia huenda alikuwa anakwambia, mimi nimeshapata changu, usijitese kwa ajili yangu. Au alitaka tu uione namba, kwa sababu fomu nyingi huuliza namba ya kitambulisho cha mzazi. Zimebaki siku kumi na mbili, na yeye analala chumba cha pili. Mwulize alikuwa anasema nini.

Bi Mshauri